Naomba ushauri: vitabu vya historia ya reli na watu walioendesha treni

Wakuu, habari za jioni. Niko Moshi. Baba yangu mkubwa alikuwa stoka, yaani mlisha tanuru la injini, kisha dereva wa treni enzi za Reli ya Afrika Mashariki, hadi Jumuiya ilipovunjika 1977. Ametuachia taa yake ya mkono, yenye kioo chekundu na cha kijani. Mpini umesuguliwa na kiganja chake hadi unang'aa.

Nataka kusoma kuhusu watu kama yeye. Vitabu nilivyopata vinaeleza Wajerumani walivyoanza kujenga kutoka Tanga mwaka 1893, reli ikafika hapa Moshi 1911, halafu Waingereza wakaifikisha Arusha 1929. Sawa, lakini vinasimulia wakubwa na mainjinia tu! Stoka aliyekesha akilisha tanuru, mbadilisha njia za treni, genge la kukarabati reli, mama muuza ndizi stesheni: hao sijawakuta.

Mwenye kujua kitabu, cha Kiswahili hasa, hata kikuukuu, anielekeze tafadhali. Na je, kumbukumbu za wafanyakazi naweza kuziomba wapi? Wazee waliobaki ni wachache, nami natamani niwahi kuwarekodi.