Dawa ya nyasi kwenye ufuta na karanga: haloxyfop, quizalofop, fluazifop au clethodim?

Ufuta_Nachi
Wakuu, heshima kwenu. Naomba tulinganishe dawa. Ufuta una siku 18 tangu uote, mistari ya sentimita 50, udongo mwekundu wa Nachingwea. Nyasi zimeupita ufuta, nyingi zina majani matatu hadi manne. Pembeni kuna viraka vya motomoto, ile nyasi sugu yenye mizizi mirefu ya chini, na ndago. Upande wa pili kuna karanga, mbegu ya Mangaka 2009. Dukani kuna aina nne na kila moja muuzaji anasema ndiyo kiboko. Kwenye lebo nasoma haloxyfop 108, quizalofop 50, fluazifop 150 na clethodim 240. Ipi ipigwe, kiasi gani kwa ekari, na je, naweza kuchanganya na 2,4-D ili majani mapana nayo yaondoke kwa mkupuo mmoja?

BwanaShamba_Kusini
Naanza na swali la mwisho maana ndilo la hatari. 2,4-D inaua majani mapana, na ufuta wenyewe ni jani pana. Karanga, kunde na mbaazi vilevile. Ukiipiga humo unaua zao na kuacha nyasi. Hata ingekuwa zao linaistahimili, usiichanganye na dawa hizi nne: inazipunguzia nguvu kwenye nyasi. Ukilazimika kupiga zote mbili mahali inaporuhusiwa, ziachane siku kadhaa, ya nyasi itangulie.

Sasa hizo nne. Zote zinafanya kazi moja: zinazuia kimeng'enya ambacho nyasi hukitumia kutengeneza mafuta ya kujengea seli. Majani mapana yana kimeng'enya cha umbo tofauti, dawa haikishiki, ndiyo maana ufuta unabaki salama. Haloxyfop, quizalofop na fluazifop ni ndugu wa tumbo moja. Clethodim ni binamu: shabaha ni ileile ila muundo wake tofauti. Kwa hiyo kuhama kutoka quizalofop kwenda haloxyfop mwaka kesho usihesabu kuwa umebadilisha dawa.

Viwango vya kawaida kwa ekari, kwa nyasi za msimu zenye majani mawili hadi matano: haloxyfop 108 ni mililita 200 hadi 400. Quizalofop 50 ni 300 hadi 500. Fluazifop 150 ni 300 hadi 600. Clethodim 240 ni 120 hadi 200, na hiyo lazima iende na mafuta saidizi, yale yanayosaidia dawa kupenya jani. Namba inayofuata jina ni gramu za kiambata, yaani dawa yenyewe, kwa lita. Ukikuta clethodim 120, ni nusu ya nguvu, basi ujazo unakuwa maradufu. Lebo ya chupa uliyonayo ndiyo inayoamua. Kama haitaji zao lako, chukua inayolitaja.

Pembejeo_Masasi
Kwa upande wa mfuko, watu wanalinganisha bei ya chupa, na hapo ndipo wanapopotea. Gawa bei kwa mililita zilizomo, zidisha kwa kiasi cha ekari. Chupa ya clethodim 240 inaonekana ghali, lakini nusu lita inatosha ekari tatu kwa mililita 160. Nusu lita ya quizalofop 50 kwa mililita 400 ni ekari moja na robo tu. Halafu ongeza bei ya mafuta saidizi kwenye clethodim. Ukimaliza hesabu, tofauti huwa ndogo kuliko inavyoonekana kabatini.

Angalia pia namba ya usajili wa TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea na viuatilifu, kwenye lebo, tarehe ya kuisha, na kizibo kiwe hakijafunguliwa. Dawa iliyopimwa kwenye chupa ya maji usinunue hata ikiwa nusu bei. Huna njia ya kujua ni 108 au 50, wala kama ni dawa ya nyasi kweli au ni glyphosate, inayoua na zao.

Mama_Ruangwa
Nakubaliana na hapo juu ila naweka msimamo: kwa nyasi za msimu zenye majani matatu, msipoteze muda kuchagua. Quizalofop inatosha. Kinachoharibu kazi ni kupiga nyasi ikiwa imeshatoa matawi mengi au imeanza kubeba masuke, na kupiga wakati wa jua kali mvua ikiwa imekata wiki mbili. Dawa hizi husafiri ndani ya mmea kwenda kwenye sehemu inayokua. Nyasi iliyonyauka kwa kiu haikui, kwa hiyo dawa inabaki kwenye jani. Subiri mvua irudi, ipe nyasi siku mbili tatu ijae maji, ndipo upige. Tofauti kati ya kupiga siku hiyo na kupiga kabla yake ni kubwa kuliko tofauti kati ya chupa na chupa.

Jambo la pili ni vifuniko. "Vifuniko viwili kwa bomba" siyo kipimo, maana vifuniko havilingani na watembeaji hawalingani. Pima eneo la mita 10 kwa 10, jaza bomba maji matupu, piga kwa mwendo wako wa kawaida, kisha angalia umetumia kiasi gani. Ukitumia lita 2, basi ekari yenye mita za mraba kama 4,000 itakula lita 80, yaani bomba tano za lita 16. Quizalofop mililita 400 gawanya kwa tano, ni 80 kwa bomba. Mwingine anatembea haraka, anatumia lita 60 kwa ekari. Huyo ni bomba tatu na robo tatu, kila bomba mililita 107 hivi. Mkifuata wote "80 kwa bomba", wa pili amepunguza dawa kwa robo bila kujua.

Tumia nozeli bapa, siyo ile ya duara ya kupulizia korosho. Matone ya hiyo ya korosho ni madogo mno, mengine yanapepea na mengine yanakauka njiani.

Ufuta_Nachi
Asante mama. Mafuta saidizi yakikosekana, sabuni ya unga inafaa kwenye clethodim?

BwanaShamba_Kusini
Hapana. Sabuni inatoa povu, inaziba kichujio, na haipenyezi dawa kwenye nta ya jani kama mafuta yanavyofanya. Kipimo cha mafuta saidizi ni nusu asilimia hadi asilimia moja ya maji, yaani mililita 80 hadi 160 kwa bomba la lita 16. Mpangilio: nusu bomba ya maji safi, tikisa chupa ya dawa, mimina kipimo, koroga, weka mafuta, malizia maji, koroga tena. Kama huna mafuta, nunua moja ya zile tatu nyingine, ila soma kwanza kama nayo haidai kiongezi.

Clethodim ina udhaifu mwingine wa kuujua: mwanga wa jua unaiharibu kabla haijaingia ndani ya jani, na maji magumu ya chokaa yanaipunguzia nguvu. Piga jioni, na usiiache ilale kwenye bomba hadi kesho. Walio mwambao, Kilwa na kwingine kwenye visima vya chokaa, watumie maji ya mvua.

Kwa nini basi niitaje kabisa? Kwa sababu ya usugu. Huko Malaysia nyasi iitwayo Eleusine indica, ile ya mashina bapa inayong'ang'ania ardhi na kutoa masuke kama vidole, ilishakuwa sugu kwa fluazifop tangu miaka ya 1990. Nyasi hiyo tunayo mashambani. Wakati mwingine clethodim inaua nyasi iliyoshindikana kwa wale ndugu watatu, ingawa si kila mara kwa kuwa shabaha ni moja. Kinga ya kweli ni kuchanganya njia: mwaka mmoja dawa ya kabla ya kuota, inayopigwa nyasi zikiwa bado ardhini, mwaka mwingine ya baada ya kuota, na jembe lipite kung'oa zilizopona kabla hazijamwaga mbegu.

Makonde_Newala
Huku uwandani ni mchanga mtupu. Wengi tunachanganya mahindi, muhogo na mbaazi shamba moja. Dawa ipi inafaa hapo?

Mama_Ruangwa
Kati ya hizo nne, hakuna. Mahindi ni nyasi, mtama ni nyasi, mpunga ni nyasi. Zote nne zitaua mahindi na kuacha muhogo na mbaazi. Ukigeukia nicosulfuron, ambayo inaua nyasi ndani ya mahindi yakiwa na majani matatu hadi sita, nayo itaumiza mbaazi. Shamba la mchanganyiko wa nafaka na mikunde ni la jembe. Unaweza kupiga muhogo na mbaazi peke yake baada ya mahindi kuvunwa, lakini kumbuka kisamvu na majani ya kunde yanaliwa. Siku za kusubiri kabla ya kuchuma zipo kwenye lebo. Kama lebo haitaji mboga ya majani, usichume humo.

Kwa wa mahindi pekee: nicosulfuron na dawa za wadudu za jamii ya chlorpyrifos haziendani. Ukiwa umepiga viwavijeshi kwa dawa ya aina hiyo, acha siku saba kabla au baada, vinginevyo mahindi yanakuwa ya njano na kudumaa.

Makonde_Newala
Nimekupata. Na za kabla ya kuota, mchangani zinakaaje?

BwanaShamba_Kusini
Hapo karanga na ufuta vinaachana njia. Pendimethalin inafaa karanga kwa sababu mbegu iko sentimita tano chini na dawa inabaki juu. Ufuta unapandwa sentimita mbili hivi, mbegu inakaa karibu na dawa, na mchangani mvua kubwa inaishusha mpaka kwenye mbegu. Matokeo ni miche kuota kwa mapengo au kuota imevimba shina. Kwa ufuta naichagua S-metolachlor 960, kwa kiwango cha chini: mililita 400 kwa ekari kwenye mchanga, hadi 600 kwenye udongo mzito. Ipigwe ndani ya siku mbili baada ya kupanda, juu ya udongo wenye unyevu, na usiichanganye na udongo kwa jembe. Mvua ya wastani ikifuata, inaamka. Ukame ukifuata, inalala na nyasi zinaota kama kawaida. Mvua ya mafuriko ikifuata siku hiyohiyo, ufuta nao unaumia. Kwa mchanga wa Newala mimi ningesubiri nyasi zitoke, nipige ya baada ya kuota.

Ufuta_Nachi
Turudi kwenye motomoto na ndago jamani.

Pembejeo_Masasi
Ndago toa kwenye hesabu ya dawa hizi. Zungusha shina lake vidoleni: lina pembe tatu. Siyo nyasi, na hata ukimwaga chupa nzima itaendelea kuchanua. Kongwa, lile la maua ya buluu, nalo linadanganya watu. Linafanana na nyasi likiwa changa, ila halifi. Ndago ni palizi za kufuatana, kila wiki mbili au tatu, ili vitunguu vyake, vile vinundu vya chini ya ardhi, vichoke. Ukipitisha jembe mara moja na kuacha, umevikata na kuvisambaza.

BwanaShamba_Kusini
Motomoto inasikia haloxyfop au fluazifop kwa kiwango cha juu cha lebo, ikiwa imechipua upya sentimita 15 hadi 25, na marudio baada ya wiki tatu au nne. Hapo unaituliza tu ili ufuta upate nafasi, hujaimaliza. Mizizi yake ya chini ina akiba. Ya kuimaliza ni glyphosate 360, lita 2 kwa ekari, kabla ya kupanda, ikiwa ya kijani na inakua vizuri, kisha usilime kwa wiki mbili hadi tatu ili dawa ishuke chini. Maji yawe safi, maana tope linaifunga glyphosate. Kwa msimu huu piga viraka hivyo peke yake kwa haloxyfop. Shamba zima halihitaji kipimo hicho.

Angalizo moja kuhusu haloxyfop: inabaki kwenye udongo kwa muda. Ufuta ukikataa ukataka kurudishia mtama au mahindi hapohapo mwezi huohuo, nafaka inaweza kuumia. Mwenye wasiwasi kuwa atalazimika kurudishia nafaka achague clethodim, ambayo haidumu sana, ila bado asome lebo.

Mama_Ruangwa
Kama hela inatosha upande mmoja tu, iweke kwenye karanga. Ufuta unaweza kuupalilia kwa jembe kati ya mistari mpaka ufunge. Karanga zikishaanza kuzamisha vile vishina vya kubebea matunda, jembe linavikata na mavuno yanashuka. Dawa ipite kabla hazijatoa maua.

Ufuta_Nachi
Sawa. Nikipiga, nitajuaje imeshika? Na mvua ikinyesha?

Mama_Ruangwa
Saa moja bila mvua inatosha kwa nyingi. Usitegemee kuona njano siku ya tatu. Wengi hurudia kupiga hapo na kuchoma hela. Siku ya sita au ya saba shika jani changa la katikati ulivute. Likitoka kirahisi na chini limeoza rangi ya kahawia, limekufa hata kama majani ya nje bado ni ya kijani. Nyasi yote hukauka kati ya wiki mbili na tatu. Jani likigoma kutoka siku ya kumi, tafuta sababu kabla ya kununua chupa nyingine: kipimo, ukame, ukubwa wa nyasi, au ni ndago.

Na kama bomba limewahi kubeba 2,4-D, liache nyumbani. Kuosha mara tatu na kufungua nozeli, kichujio na mpira kunasaidia, lakini ufuta unaumizwa na mabaki kidogo sana. Mashina yanajipinda ndani ya siku mbili na hakuna cha kurudisha. Azima bomba ambalo halijawahi kuishika.