Mrejesho: mkate wa atta uliokuwa unatoka mzito

Asanteni mliojibu. Swali lilikuwa: kwa nini mkate wa atta tupu (unga wa ngano nzima, wenye pumba zake) unatoka mzito na kumeguka, ingawa kitabu kimefuatwa neno kwa neno?

Tatizo kubwa lilikuwa vikombe. Kikombe cha unga uliochotwa na kushindiliwa hufika gramu 150, uliomiminwa kwa kijiko ni kama 120. Kwa vikombe vinne umezidisha gramu 120 bila kujua! Nunueni mizani kabla ya kitabu kingine.

Vipimo vilivyokubali: atta gramu 500, maji ya uvuguvugu gramu 375, hamira ya chenga laini gramu 7, chumvi gramu 9, mafuta kijiko kimoja kikubwa. Sukari nimeitoa kabisa na bado unaumuka, maana hamira hupata chakula kwenye unga wenyewe.

Bakiza maji vijiko viwili vya kuyeyushia hamira. Changanya unga na maji mengine, funika dakika 30. Usiruke hapa: pumba za ngano hunywa maji polepole, na zikiwa kavu hukatakata nyuzi zinazoshika donge. Ndipo tia vilivyobaki, ukande dakika 10. Donge litanata, usiongeze unga, paka mafuta mikononi.

Liweke kwenye tini liumuke, ila usingoje lijae mara mbili, atta hubonyea. Bonyeza kwa kidole: shimo likirudi taratibu, oka kwa nyuzi joto 200 za Selsiasi, dakika 40. Kata ukishapoa kabisa, la sivyo ndani utaona kama mbichi.