Namugongo kwa miguu au kwa basi: ipi ndiyo hija?

Mwanajumuiya_Nyalenda
Wapendwa, kila mwaka Pasaka ikipita, jumuiya ndogo ndogo huku Kisumu na Busia huanza kuchangisha ya safari ya Namugongo, karibu na Kampala, kwa sikukuu ya tarehe 3 Juni ya Mashahidi wa Uganda, Wakristo waliouawa enzi za Kabaka (mfalme) Mwanga. Nauliza wazi: anayetembea wiki nzima na anayepanda basi usiku mmoja, wote wamehiji? Msimamo wangu ni kwamba hija ni miguu. Basi ni safari ya kwaya. Mashahidi 22 walitembezwa wakiwa wamefungwa kamba mpaka mahali pa kuchomwa, nasi tunafika tumelala vitini.

Katekista_Butula
Hiyo "safari ya kwaya" imeniuma. Mama wa miaka 75 mwenye magoti mabovu anayekesha akisali rozari ndani ya basi anaimba kwaya gani? Soma Sheria za Kanisa, kanuni 1230: patakatifu ni kanisa au mahali ambapo waamini wengi huhiji kwa sababu ya ibada, kwa kibali cha askofu. Haitaji mguu wala gurudumu. Rehema kamili, yaani kuondolewa adhabu za dhambi, nayo ina masharti yake: kitubio, Komunyo, sala kwa nia za Baba Mtakatifu, na moyo usioshikamana na dhambi hata ndogo. Nionyeshe kilomita ziko wapi humo.

Mwanajumuiya_Nyalenda
Mwalimu, kule Hispania wana hija ya Santiago, na anayetembea hapewi cheti bila kufikisha angalau kilomita 100, na kitabu chake cha hija kipigwe mihuri njiani. Nao ni Wakatoliki pia.

Katekista_Butula
Cheti si rehema.

Mpanga_Safari_Busia
Mkiendelea kubishana, wanaotaka kutembea wasome hapa. Kutoka mpaka wa Busia mpaka Namugongo ni kama kilomita 190, kupitia Bugiri, Iganga, Jinja, msitu wa Mabira, Lugazi na Mukono. Kwa kilomita 30 kwa siku ni siku sita au saba. Anayeanzia Kisumu aongeze zaidi ya 100 kabla hajaona mpaka.

Kinachowarudisha watu nyumbani ni malengelenge ya siku ya pili, na chanzo chake ni viatu vipya vilivyonunuliwa kwa heshima ya safari. Kiatu kiwe kimetembelewa mwezi mzima. Vaa soksi mbili, ya ndani nyembamba, ili soksi zisuguane zenyewe badala ya ngozi. Vaselini hupakwa alfajiri kati ya vidole na kisiginoni, kabla ya kuanza, si baada ya kuungua. Lengelenge dogo usilitoboe, lifunike kwa plasta.

Ondokeni saa kumi alfajiri, mpumzike kuanzia saa nne jua likikaza, mwendelee saa tisa hadi jioni. Tembeeni upande wa kulia wa barabara ili muone malori yanayowajia, mmoja mmoja kwa mstari, wa mbele na wa nyuma wakivaa jaketi za kuakisi mwanga. Mabira ndipo pa kuogopa: barabara ina kona na nafasi ya kando ni finyu, hivyo pitieni mchana.

Kuhusu maji, kunywa maji matupu kutwa nzima huku unatoka jasho hupunguza chumvi mwilini. Mtu anaanza kutapika na kuchanganyikiwa, wenzake wakidhani ni uchovu. Badala yake changanya lita moja ya maji safi, vijiko vidogo sita vya sukari, nusu kijiko kidogo cha chumvi. Na kitambulisho cha kuvukia mpaka kiwe chenyewe, si fotokopi.

Mkristo_Nakuru
Asante, lakini kwa nini tuvuke mpaka? Subukia iko hapa, patakatifu pa kitaifa pa Bikira Maria, na kila Jumamosi ya kwanza ya Oktoba ndiyo siku ya maombi ya taifa. Kuna Njia ya Msalaba ya kupanda mlimani na chemchemi ya maji. Ingawa heri hata Namugongo kuliko wale wa kanzu nyeupe wanaolala kwenye mapango ya Kit Mikayi, yale mawe makubwa ya Seme kule Kisumu, na kuita jiwe kanisa.

Nyar_Seme
Ndugu wa Nakuru, hapo umenigusa pabaya. Hao wa kanzu nyeupe, watu wa makanisa ya Roho, hawaabudu jiwe. Wanavua viatu, wanafunga kula, wanasali na kuimba kati ya mawe yale, kisha wanarudi nyumbani. Musa alivua viatu. Eliya alilala pangoni Horebu, na sauti ndogo ya utulivu ikamjia pale pale. Lalibela kule Ethiopia kuna makanisa kumi na moja yaliyochongwa kwenye mwamba, na sijawahi kusikia ukisema Waethiopia wanaabudu mwamba. Au jiwe likiwa la Wajaluo ndipo linakuwa shetani?

Mkristo_Nakuru
Dada, usigeuze jambo hili kuwa la kabila. Lalibela ilichongwa na Wakristo ili iwe kanisa. Kit Mikayi palikuwa mahali pa matambiko kabla misheni haijafika. Huwezi kumwaga divai mpya kwenye kiriba cha zamani.

Nyar_Seme
Na Namugongo palikuwa nini kabla ya 1886? Palikuwa mahali pa Kabaka pa kuulia watu, pakiwa na wauaji wake rasmi. Pantheon ya Roma ilikuwa hekalu la miungu, ikafanywa kanisa mwaka 609. Ukikataa Kit Mikayi kwa sababu ya historia yake, kataa na hizo mbili.

Mwanajumuiya_Nyalenda
Tunatoka kwenye mada. Swali lilikuwa miguu.

Nyar_Seme
Basi jibu la miguu ni hili: hao wa kanzu nyeupe mnaowadharau ndio wanaotembea kila Jumapili. Nendeni Jebrok, Vihiga, kwa kanisa la Israel Nineveh lililoanzishwa na Daudi Zakayo Kivuli mwaka 1942, muone maandamano ya ngoma na bendera. Kwao barabara yenyewe ni ibada. Hawangoji Juni.

Mwanglikana_Maseno
Nimengoja mtu arekebishe ile "mashahidi 22", kimya. Hao ni Wakatoliki peke yao. Waanglikana ni 23, nao wana patakatifu pao hapo hapo Namugongo, mbali kidogo na basilika. Tena si wote waliochomwa tarehe 3 Juni 1886. Yosefu Mukasa Balikuddembe aliuawa Novemba 1885, Denis Ssebuggwawo alichomwa mkuki Munyonyo mwezi Mei. Ukihiji, jua unamhiji nani.

Mzee_wa_Mumias
Salamu kwenu ndugu zetu Wakristo. Mwanglikana amewataja wake akamwacha aliyepita hapa kwetu. Askofu Hannington wa Waanglikana, akielekea Buganda, alifika Mumias, wakati huo pakiitwa Kwa Sundu, akawaacha wenzake wengi pamoja na mchungaji William Jones, akaendelea na watu kama hamsini. Aliuawa Busoga tarehe 29 Oktoba 1885. Kwa hiyo kama mnatafuta njia ya miguu yenye damu ndani yake, inapita Mumias, na sijaona basi wala kundi likisimama.

Jingine ni la michango. Kwetu Waislamu Hija ni ya mwenye uwezo: nauli, matumizi ya njiani, na chakula cha unaowaacha nyumbani mpaka urudi. Deni lililofika wakati wake hulipwa kwanza. Huku naona mtu anakopa kwenye chama ili asionekane amebaki.

Katekista_Butula
Mzee, hilo la mkopo ni kweli, na litasemwa kanisani Jumapili. La Mumias nalo lina uzito.

Mwanajumuiya_Nyalenda
Mimi bado nasema miguu.

Mpanga_Safari_Busia
Tembea, ndugu, lakini jibu hili kabla hujaondoka: utarudi na nini? Makundi hupanga kwenda wakasahau kurudi. Tarehe 3 jioni watu wote wanatoka pamoja, magari hayatoshi, nawe una miguu iliyochubuka. Lipia kiti cha kurudi kwenye basi la parokia lile lile, mwezi Mei.