Matthew Arnold: nianze na Trilling, Honan, Collini au Hamilton?

KitabuMkononi
Wakuu, habari za jioni. Niko mwaka wa kwanza wa shahada ya uzamili katika fasihi, na nimechagua kuandika juu ya Matthew Arnold (1822–1888), mshairi na mhakiki wa Uingereza. Mashairi yake nimeyasoma, na Culture and Anarchy ya 1869 nimeimaliza. Sasa nawatafuta waliomchambua, ila mfuko unaniruhusu kitabu kimoja kwa sasa. Majina yanayojirudia ni Lionel Trilling (1939), Park Honan (1981), Stefan Collini (1988) na Ian Hamilton (1998). Swali linalonisumbua: kwa nini mtu aliyetunga shairi maarufu la Dover Beach aliacha ushairi akazama kwenye insha za siasa, dini na shule? Aliyevisoma naomba anilinganishie.

MzeeWaMaktaba
Karibu sana. Mimi nakupeleka kwa Trilling. Kitabu chake kilikuwa tasnifu yake ya udaktari pale Chuo Kikuu cha Columbia, kikatoka mwaka ule ule Ulaya ilipoingia vitani, na hilo linasikika katika kila sura. Anabishana na Arnold kama mtu anayemhitaji: akili ifanye nini imani inapoondoka, na dola iwe na nguvu kiasi gani juu ya raia? Mwenyewe alisema anaandika wasifu wa fikra za Arnold. Kwa hiyo mashairi na insha hazitenganishwi, zote ni mawazo ya mtu mmoja anayehangaika. Sijasoma mwingine aliyemchukulia Arnold kwa uzito kiasi hicho.

Upungufu wake ni vyanzo. Mwaka 1939 barua nyingi hazijachapishwa. Mkusanyiko mkubwa uliokuwepo ni ule wa G. W. E. Russell wa 1895, na familia ilikuwa imeupunguza sana. Ukitaka kujua mtu huyu aliishi vipi, Trilling hatakushibisha.

BintiWaLamu
Kaka, kwa swali lako hasa, Hamilton. Kitabu chake kizima ni jibu la swali hilo. Jina lake, A Gift Imprisoned, limetoka katika soneti ambayo W. H. Auden alimtungia Arnold mwaka 1939, akidai kwamba alikifunga kipaji chake gerezani mpaka kikafa. Hamilton naye alikuwa mshairi, na anajua mstari unapokuwa na uhai na unapokuwa umechoka.

Sura ya kusoma mara mbili ni ile ya 1852 na 1853. Arnold anachapisha Empedocles on Etna, utenzi wa mwanafalsafa anayejitupa katika volkano, halafu mwaka unaofuata anauondoa katika diwani yake na kuandika dibaji ndefu kueleza sababu: mateso yasiyopata njia ya kutoka kwa tendo hayafai kuwa ushairi. Yaani mshairi wa miaka 30 anaikataa kazi yake bora hadharani. Hamilton anakuonyesha jambo hilo lilivyomgharimu.

MwalimuMstaafu
Nimesoma hoja ya dada yangu hapo juu na ninaiheshimu, lakini hiyo picha ya gereza naikataa.

Tuanze na kazi. Arnold alikuwa mkaguzi wa shule tangu 1851 hadi 1886, miaka 35. Aliichukua kwa sababu alitaka kumwoa Frances Lucy Wightman, binti wa jaji, na bila mshahara wa kudumu ndoa isingewezekana. Ukaguzi wake ulikuwa wa shule za madhehebu yaliyo nje ya Kanisa la Anglikana, kwa hiyo miaka ya mwanzo alizunguka kwa treni eneo kubwa la Uingereza ya kati na Wales, akisikiliza watoto wakisoma na kuketi na kamati za wenye maduka na viwanda. Hao ndio Wafilisti wa Culture and Anarchy, jina alilolipa tabaka la kati! Wanafunzi wengi husoma kitabu kile wakidhani Arnold aliwatazama watu wa tabaka la kati kutoka dirishani Oxford. Aliketi nao darasani miaka na miaka.

Kisha mwaka 1862 serikali ikaleta mfumo wa kulipa shule kwa matokeo. Ruzuku ikategemea mahudhurio na kufaulu kwa mtoto mbele ya mkaguzi, katika kusoma, kuandika na hesabu. Mtu wa kwenda kuutekeleza ni Arnold mwenyewe. Mwaka huo huo akaandika makala gazetini kuupinga, huku akila mshahara wa ofisi ile ile aliyoipinga. Mwalimu yeyote aliyeona mtihani ukigeuka kuwa ndiyo elimu yenyewe atajua alichokuwa anakitetea. Na katika ripoti zake aliendelea kudai watoto wa maskini wakariri ushairi mzuri. Sasa niambieni, huyo ni mtu aliyeufungia ushairi gerezani?

Katika wanne uliowataja, Honan ndiye anayeziweka kazi, ndoa, misiba ya watoto na mashairi katika meza moja. Alichimba barua na shajara ambazo waliomtangulia hawakuzitumia. Ukitaka elimu peke yake, yupo W. F. Connell wa 1950, lakini huyo awe wa pili.

KitabuMkononi
Shikamoo mwalimu, na asante kwa maelezo haya. Kuna mtu chuoni aliniambia Honan si wa kuaminika kwa habari za Marguerite. Ni kweli?

Nyotanjema
Ni suala moja tu, lisikufanye ukitupe kitabu. Marguerite ni mwanamke wa mashairi ya Uswisi. Arnold alikuwa Thun mwaka 1848 na tena 1849. Honan anasema alikuwa Mary Claude, msichana wa ukoo wa Waprotestanti wa Kifaransa, aliyeishi Ambleside, karibu na nyumba ya likizo ya akina Arnold. Wataalamu wengine, Miriam Allott akiwemo, hawakukubali. Soma sura hiyo kama dhana, usiijengee hoja.

Ila naona Collini anapitwa kimya kimya. Ni kitabu chembamba, na kwa nathari ya Arnold sijaona aliye bora. Anaonyesha kwamba nguvu ya Arnold ni sauti: upole, kejeli, kurudia msemo mmoja mpaka mpinzani achoke. Toleo la 1994 liliitwa Matthew Arnold: A Critical Portrait, msije mkanunua mara mbili mkidhani ni viwili.

BaraNaPwani
Wote wanne wanamweka Arnold Uingereza tu. Mdogo wake, William Delafield Arnold, alikuwa mkuu wa elimu Punjab chini ya utawala wa Waingereza, akafia Gibraltar mwaka 1859 akirejea nyumbani. Arnold alimwombolezea katika A Southern Night. Kwa hiyo himaya ilikuwa ndani ya familia. Soma Gauri Viswanathan, Masks of Conquest (1989): anaonyesha kwamba fasihi ya Kiingereza ilikuwa somo India kabla haijawa somo rasmi shuleni kwao Uingereza. Na sisi tunajua mwaka 1968 Ngũgĩ, Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong waliuliza nini pale chuoni Nairobi: fasihi ya nani ikae katikati? Tasnifu ya Arnold inayoandikwa Afrika Mashariki haiwezi kulikwepa swali hilo.

MzeeWaMaktaba
Naunga mkono, na msomee pia mihadhara yake juu ya fasihi ya Wakelti, yaani watu kama Waayalandi na Wawelisi (1867). Anawasifu kwa hisia na papo hapo anawanyima uwezo wa kujitawala. Trilling anaigusa habari hii ya mbari, lakini kwangu mimi haitoshi.

KitabuMkononi
Nimeamua: Honan nanunua, Collini na Viswanathan nitaazima. Dada BintiWaLamu, Hamilton nitamfikia, sura ya Empedocles siiachi. Kwa mashairi nitumie toleo gani?

BintiWaLamu
La Kenneth Allott, ila lile la 1979 lililorekebishwa na Miriam Allott, si la 1965. Mashairi yamepangwa kwa mwaka wa kutungwa, na tanbihi zake ni hazina. Hilo litaligusa swali lako moja kwa moja. Dover Beach ilichapishwa 1867, lakini pale utaikuta karibu na 1851, mwaka wa ndoa na wa kuanza ukaguzi. Ukifuata tarehe za uchapishaji utaona mshairi aliyedumu hadi miaka ya 1860. Ukifuata za kutunga, sehemu kubwa ya mashairi yake makuu ilishaandikwa kabla hajafika miaka 33. Andaa jedwali la tarehe zote mbili kabla hujaanza sura ya kwanza.