Mjadala: Tamthilia za Kituruki jioni zipigwe marufuku? Mimi nasema hapana

Wadau, habari za jioni. Naandika kutoka Chuno, hapa Mtwara mjini. Juzi nilikuwa saluni. Dada anayesuka alikuwa katikati ya kichwa cha mteja, twende kilioni mistari saba imeshakamilika, upande wa kushoto nywele zimesimama tu. Sultan, ile tamthilia ya Kituruki ya mfalme Suleiman wa dola ya Uthmaniya, ikaanza Azam TV. Akachomeka kitana kwenye mkanda wa aproni, akavuta stuli, akakaa. Mteja wala hakununa. Naye aligeuza kiti.

Kijana aliyekuja kumchukua mkewe akafyatuka: "Mnawalilia Waturuki, korosho zimewalala ghalani!" Kwa maoni yake, vituo vyetu vizuiwe kuonyesha tamthilia za nje saa za jioni, muda huo wapewe wasanii wa nyumbani, maana utamaduni unakwisha.

Mimi nilimkatalia pale pale na bado namkatalia. Hii tamthilia imepigwa vita na wakubwa kuliko yeye. Uturuki kwenyewe ilirushwa 2011 hadi 2014, na mwaka 2012 Erdoğan, akiwa waziri mkuu, aliikemea hadharani: Suleiman wanayemjua wao alimaliza miaka 30 juu ya farasi, si kwenye kasri kama inavyoonyeshwa. Watu wakaendelea kuangalia. Ugiriki, nchi iliyotawaliwa na dola hiyo hiyo ya Uthmaniya kwa karne kadhaa, askofu wa Thesaloniki aliwaambia waumini waachane nayo. Wapi! Na 2014, ilipoonyeshwa Mustafa, mwana wa Suleiman, akinyongwa kwa amri ya baba yake, watu walimiminika kaburini kwake Bursa. Marehemu wa mwaka 1553, jamani.

Kwa hiyo tusijione sisi wa kusini ndio tumerogwa. Dunia nzima inavutwa na kitu kimoja, nacho si taji wala yale magauni. Ni nyumba. Mke mkubwa na mke mdogo, mama mkwe mwenye kauli ya mwisho, watoto wa baba mmoja mama mbalimbali. Nani hana hiyo kwenye ukoo wake? Shangazi yangu hajui kusoma. Zamani kila tamthilia alikuwa ananiuliza, "Anasemaje huyo?" Tangu tamthilia zilipoingiziwa sauti za Kiswahili, yeye ndiye ananieleza mimi, tena ananikemea nikikohoa.

Naomba kuwasilisha.

MZEE WA MIKINDANI: Hapo kwenye Kiswahili umeteleza. Isidingo ilirushwa ITV miaka mingi, ni ya Afrika Kusini, na hakuna aliyetutafsiria neno. Tulikuwa tunajaa kwa jirani mwenye runinga, mmoja aliyesoma anatupa muhtasari. Cherel, yule mwanamke mbaya wa mle, tulimchukia bila kumwelewa Kiingereza chake. Ubaya una sura, mjukuu wangu.

FUNDI MAGOMENI: Mnaongelea machozi, mimi naongelea hela. Kuingiza sauti kwenye kazi iliyokwisha pigwa picha ni rahisi kuliko kupiga yako. Wenye sauti wanapata riziki, sawa. Je fundi seremala, fundi cherehani, mpishi wa kambini, dereva? Tamthilia ikipigwa Lindi hao wote wanakula. Sitaki marufuku, ila kituo kinachonunua tano za nje kilazimishwe kutengeneza hata moja ya hapa. Huyo kijana wa saluni amekosea dawa tu, ugonjwa ameuona.

MTOA MADA: Fundi, hilo nakupa. Mzee wangu shikamoo, nawe nimekuelewa, lakini yule mwenye kuwapa muhtasari si ndiye aliyekuwa sauti yenu ya Kiswahili?

BINTI NEWALA: Kuhusu utamaduni kwisha, sikilizeni. Bibi yangu ni Mmakonde wa zile enzi za ukoo kwenda upande wa mama, mjomba ndiye msemaji wa mtoto. Siku Mustafa anauawa sisi wote tunalia, yeye kakunja uso anauliza: "Wajomba wa huyu mtoto wako wapi?" Akauliza mara tatu. Tukamweleza kwamba wale wanawake wengi waliletwa kama mateka, hata Hurrem mwenyewe, mke wa Suleiman na mama wa kambo wa Mustafa, hawana kaka pale. Akasema, "Basi huyo mwanamke hana nyumba, ana chumba." Toka siku hiyo Hurrem akifanya unyama wowote bibi anamtetea. Sasa niambieni, hapo Uturuki imembadilisha bibi, au bibi ndiye ameigeuza Uturuki kuwa Newala?

MZEE WA MIKINDANI: Marahaba. Huyo bibi nampigia saluti. Ila Hurrem simsamehi.

FUNDI MAGOMENI: Swali la pembeni, yule mteja wa saluni alitoka saa ngapi?

MTOA MADA: Saa tatu na nusu usiku. Mstari wa nane ulisukwa wakati wa matangazo, umepinda kidogo. Alilipa bei ile ile.