Ferenc Plattkó: alibadilisha nini Colo-Colo, na kwa nini River Plate hakushika?

Nyavu_Kuukuu
Wakuu, salaam. Huyu Plattkó, kipa wa Hungaria aliyedakia Barcelona miaka ya 1920, kila anapotajwa ni fainali ya Kombe la Mfalme la Hispania ya 1928 tu. Upande wa ukocha unakuta orodha ya timu na vikombe, maelezo hakuna. Ninachotaka kuelewa: alipofika Chile alifanya nini uwanjani mpaka Colo-Colo ikawa bingwa 1939, kisha ikabeba ubingwa wa 1941 bila kupoteza mechi? Na kama mfumo wake ulikuwa mzuri hivyo, mbona River Plate ya Argentina 1940 haukumpeleka popote? Mwenye kujua anieleze kwa namba za jezi, nitamfuata vizuri.

Beki_wa_Zamani
Mkuu, alihamisha mtu mmoja: namba 5.

Amerika Kusini wakati ule karibu wote walicheza 2-3-5. Namba 2 na 3 ni fulbeki, 4, 5 na 6 ni mahafu (viungo), mbele kuna watu watano: mawinga 7 na 11, insaidi 8 na 10 wanaocheza ndani yao, na namba 9 katikati. Namba 5, senta hafu, ndiye alikuwa roho ya timu: anapanda, anagawa mipira, anashuka kukaba akipata nafasi. Mfumo huo ulilindwa na sheria ya kuotea ya zamani, iliyotaka wapinzani watatu wawe kati ya mshambuliaji na goli. Fulbeki mmoja akipanda, mwenzake anabaki nyuma na kipa, na mshambuliaji tayari ameotea. Mwaka 1925 sheria ikashusha idadi hadi wawili. Kuanzia hapo fulbeki akikosea hatua moja, namba 9 anabaki ana kwa ana na kipa.

Arsenal ya Herbert Chapman ilijibu kwa kumrudisha namba 5 katikati ya 2 na 3. Plattkó akapeleka mfumo huo Chile. Wachile walimwita mchezaji huyo "polisi", kwa sababu kazi yake ilikuwa moja: kumfuata namba 9 wa adui popote ndani ya eneo la hatari. Mabeki wawili wakawa huru kwenda pembeni kukaba mawinga, na namba 4 na 6 wakachukua insaidi wawili. Mbele, namba 8 na 10 wakashuka kidogo kusaidia kiungo. Ukiichora unapata 3-2-2-3, yaani WM, kwa kuwa inafanana na herufi hizo.

Kuichora ni rahisi, kuifundisha ndiyo kazi. Ule ukuta wa watatu hausimami kwenye mstari ulionyooka, unazunguka kama bawaba ya mlango. Mpira ukiwa kulia kwenu, namba 2 anatoka kumbana winga, namba 5 anabaki na namba 9, na namba 3 anamwacha winga wake wa mbali na kuingia ndani kufunika nyuma ya namba 5. Mpira ukihamia kushoto, kila kitu kinageuka. Makosa ya kawaida ni matatu, na yote yanaleta goli: beki wa mbali kung'ang'ania pembeni, hivyo namba 5 akipitwa hakuna mtu, namba 4 na 6 kupanda kwa pamoja, na namba 5 kukumbuka zamani zake, akafuata mpira badala ya mtu.

Nyavu_Kuukuu
Shukrani sana, sasa naiona. Lakini namba 9 akiamua kushuka katikati, huyo polisi anakwenda naye au anabaki?

Kiungo_Mkabaji
Hapo ndipo mfumo wote unapopasuka, na hakuna jibu zuri. Akienda, katikati ya 2 na 3 panabaki shimo na insaidi wanalikimbilia. Akibaki, namba 9 anapokea mpira bila bugudha na kuugeukia uwanja mzima. Tarehe 25 Novemba 1953 kule Wembley, Nándor Hidegkuti alimfanyia hivyo Harry Johnston wa Uingereza. Hungaria ilishinda 6-3, na matatu yalikuwa yake. Dawa iliyokuja baadaye ni kumkabidhi namba 9 anayeshuka kwa hafu mmoja na kumwacha beki wa kati akilinda eneo, lakini hiyo inataka kiungo mwenye nidhamu ya kurudi kila mara.

Kuhusu River, angalia Argentina walimchukuliaje namba 5. Pale alikuwa fundi, watu walilipa kiingilio kumwona. Kumwambia abaki nyuma akamkabe mtu mmoja dakika 90 ni kumnyang'anya kazi yake. Mpaka leo Argentina "namba 5" ni kiungo wa katikati, na mabeki wa kati huvaa 2 na 6, wakati Uingereza 5 ni beki wa kati. Jezi zenyewe zinaonyesha nani alimshusha yule mtu mapema na nani aligoma. Kwa maoni yangu hilo lilimwumiza Plattkó kuliko ubora wa wachezaji, maana River ilikuwa na vipaji vya kutosha. Mwaka 1941 alikuwa amesharudi Santiago, na ndio mwaka wa ule ubingwa wa bila kufungwa.

Mlinda_Mlango_1
Niongeze tahadhari kwa wanaotafuta takwimu. Hispania ilikuwa na akina Platko watatu, ndugu wa damu, wote makocha: Ferenc (kule anaitwa Francisco), Esteban na Carlos. Orodha nyingi humpa mmoja kazi ya mwingine, kwa hiyo ukikuta "Platko" bila jina la kwanza, linganisha na miaka kwanza.

Ya Ferenc yaliyo wazi ni haya. Alizaliwa Budapest 1898. Barcelona ilimchukua 1923 baada ya kumwona akiwa na MTK ya Budapest, wakati pengo la kipa Zamora aliyehamia Espanyol 1922 halijazibwa. Alikaa hadi 1930, na alikuwemo kikosini Barcelona ilipotwaa ligi ya kwanza ya Hispania, 1929. Fainali ya 1928 dhidi ya Real Sociedad kule Santander alijirusha miguuni mwa Cholín, mshambuliaji wa Sociedad, akapigwa teke la kichwa. Wachezaji wa akiba hawakuruhusiwa, kwa hiyo mchezaji wa ndani akashika goli mpaka yeye aliposhonwa na kurudi na bandeji. Mechi iliisha 1-1, marudio yakawa 1-1 tena, na ya tatu Barcelona ikashinda 3-1.

Ukocha: Barcelona 1934-35, Colo-Colo, River, timu ya taifa ya Chile iliyoshika nafasi ya tatu Copa América ya 1945, Boca Juniors 1949, kisha Colo-Colo tena na ubingwa wa 1953, mwaka Jorge Robledo alipotua kutoka Newcastle. Alirudi Barcelona msimu wa 1955-56 akakosa ligi kwa pointi moja: Athletic Bilbao 48, Barcelona 47. Alifia Santiago 1983.

Nadhani msimu huo wa pointi 47 haupewi heshima yake, kwa sababu makocha waliomfuata wanakumbukwa na yeye amebaki na bandeji tu.