Phnom Kulen kwa siku moja kutoka Siem Reap: kundi lenye mwongozaji au gari la kukodi?

Bahari_Kuu

Habari zenu wakuu. Tuko watu wanne, tutakuwa Siem Reap, Kambodia, mwishoni mwa Novemba. Siku moja tumeitenga kwa ajili ya Phnom Kulen, ule mlima mtakatifu wa Wakhmer, wenyeji wa Kambodia, wenye maporomoko ya maji. Mmoja wetu ni mama wa miaka 63. Kwenye tambarare anatembea vizuri, ila ngazi zinamsumbua magoti.

Tujiunge na kundi lenye mwongoza watalii au tukodi gari na dereva basi? Tiketi ya Angkor, ile ya mahekalu ya kale karibu na Siem Reap, inakubalika huko juu au kuna kiingilio chake? Nasikia pia barabara ina saa za kupanda na saa za kushuka, ikoje hiyo? Na mavazi: unavaaje siku ambayo asubuhi uko hekaluni na mchana uko majini? Wenye kuujua mlima huo msaada tafadhali.

Mawe_ya_Mto

Karibu mleta mada. Nianze na barabara, maana hiyo ndiyo inayopanga siku yenu yote.

Kutoka mjini hadi juu ni kama kilomita 50. Hesabuni saa moja na nusu hadi mbili, kwa sababu kipande cha mwisho kinapanda kwa kona kali na kwa miaka mingi magari hayakuwa yakipishana kwa usalama. Utaratibu uliozoeleka ni huu: asubuhi ni kupanda tu, mwisho saa tano; kuanzia adhuhuri ni kushuka tu. Ukichelewa getini, safari imeishia hapo. Ukiwahi kumaliza, unasubiri juu. Basi ondokeni hotelini saa moja asubuhi, saa moja na nusu isipite. Jioni ya kuamkia safari mwulizeni dereva saa zinazotumika wiki hiyo, maana matengenezo ya barabara yanaweza kuzibadilisha.

Msikubali tuktuk hata kama bei inavutia. Mteremko ni mrefu, injini inachoka ikiwa na watu wanne, na kushuka kwa breki zile si jambo la kujaribu. Chukueni gari dogo lenye nguvu au basi dogo.

Kiingilio ni dola 20 za Marekani kwa kila mgeni, na tiketi ya Angkor (dola 37 ya siku moja, 62 ya siku tatu, 72 ya siku saba) haifanyi kazi Kulen. Hapa ndipo wengi wanapogombana na madereva: bei ya gari imetajwa, kiingilio hakikutajwa, na getini zinahitajika dola 80 kwa watu wanne. Kabla ya kulipa chochote ulizeni kwa maneno haya haya: "Kiingilio cha mlima kimo ndani ya bei hii au hakimo?" Chakula cha mchana nacho kiulizwe hivyo hivyo.

Noti ziwe safi. Dola iliyochanika hata kidogo pembeni, au iliyoandikwa kwa kalamu, inakataliwa Kambodia nzima. Chukueni pia noti ndogondogo za riel, pesa ya Kambodia. Dola moja ni kama riel 4,000. Kwenye ngazi za hekalu mahujaji hutoa sadaka kwa noti za riel 100, na ukiwa na dola 20 mkononi utabaki unatazama tu.

Kasuku_Mweupe

Naunga mkono yote ya barabara. Mimi niongelee mwongozaji, kwa sababu Kulen ni mahali ambapo bila maelezo unapita juu ya kitu chenyewe bila kukiona.

Chukua mto wa linga elfu. Linga ni alama ya Shiva, mungu wa Wahindu. Wakhmer wa kale walizichonga moja kwa moja kwenye mwamba wa sakafu ya mto, safu kwa safu, ili maji yapite juu yake na yatakasike kabla ya kuteremka bondeni hadi Angkor. Ukisimama ukingoni unaona maji ya kimo cha kifundo cha mguu yakipita juu ya mawe ya kahawia, basi. Mwongozaji atakwambia usogee kando jua lisikupige usoni, usubiri upepo utulie, halafu utazame kwa mshazari. Ndipo vinapojitokeza: vifundo vya mviringo vimepangwa kama mayai kwenye trei, na hapa na pale mraba wenye mfereji mdogo wa kutolea maji, ambao ndio yoni, alama ya kike inayoambatana na linga. Msikanyage hapo. Mwamba ni laini, unalika, na kwa wenyeji hiyo ni ibada ambayo haijaisha.

Ndiyo sababu maporomoko yenyewe yanaheshimiwa. Maji mtakayooga chini yameshapita juu ya linga, na familia za Kikhmer zinayachota kwenye chupa kupeleka nyumbani.

Halafu kuna historia. Mwaka 802 ndipo Jayavarman II alipotawazwa katika mlima huu kuwa mfalme wa wafalme, na huo ndio mwaka unaohesabiwa kuwa mwanzo wa dola ya Angkor. Mji wake, Mahendraparvata, ulibaki umefunikwa na msitu hadi vipimo vya leza vilivyopigwa kutoka kwenye helikopta mwaka 2012 vilipoonyesha barabara, mabwawa na vilima vya mahekalu chini ya miti. Ukiwa juu huoni mji, unaona msitu. Anayeweza kukuonyesha kwamba tuta lile lilikuwa boma la bwawa ni mtu aliyesomea.

Mwenye leseni ya Wizara ya Utalii ana kitambulisho, ombeni kukiona. Dereva ni dereva. Wapo wanaojua mengi na wakarimu kweli, lakini kazi yao si kuongoza ndani ya maeneo ya kale. Kwa watu wanne, ningekodi gari na mwongozaji wenu wenyewe kuliko kuingia kundi la watu 12. Kundi lina ratiba ya dakika, na mama mwenye magoti atakuwa anakimbizwa.

Zuhura_wa_Njia

Mleta mada, kuhusu mama.

Sehemu za ngazi ni mbili. Ya kwanza ni hekalu la Preah Ang Thom, lenye Buddha aliyelala kwa ubavu, urefu wa mita 8, aliyechongwa karne ya 16 kwenye kilele cha jiwe kubwa la mchanga. Ngazi za kufika uwanjani si mbaya. Zile za kupanda juu ya jiwe ndizo za mwinuko mkali, na hupandwa bila viatu. Mama apande taratibu akishika kizuizi, au abaki chini. Uwanjani kuna kivuli na mengi ya kutazama, si adhabu kubaki hapo.

Ya pili ni maporomoko, nayo yako mawili. La juu ni fupi, mita 4 au 5, pana, linafikika kwa urahisi na maji yake ni ya kina kidogo. La chini ndilo la kwenye picha, mita 15 hadi 20, na kulifikia mnashuka ngazi za mbao zenye mwinuko ambazo hubaki na unyevu kutwa nzima. Kwa magoti mabovu kushuka ni kubaya kuliko kupanda. Mama akitulia kwenye poromoko la juu ameshayagusa maji matakatifu vilevile. Akitaka kushuka, ashuke kinyumenyume kama mtu anayeshuka ngazi ya kuegemeza, huku mmoja wenu akiwa chini yake.

Mavazi hayana utata mkipanga safari kwa mfuatano huu: linga, kisha hekalu, mwisho maji. Asubuhi mabega na magoti yafunikwe, kofia ivuliwe juu, na wanawake wasiwaguse watawa wala kuwapa kitu mkononi moja kwa moja. Khanga mbili kwenye mkoba zinamaliza kazi yote: unajifunga hekaluni, unabadilishia nguo, unajifutia. Majini wenyeji huoga na nguo zao. Vaeni fulana na kaptula juu ya nguo ya kuogelea, mtakuwa sawa na wengine. Mkigeuza mfuatano mtafika mbele ya Buddha mnachuruzika maji.

Viatu: ndala hazifai majini. Mwamba una utando wa kijani usioonekana, na kuteleza hutokea pale ambapo maji ni ya vidole vinne tu, kwa sababu hapo mtu hajihadhari. Viatu vya majini vyenye mkanda nyuma ndivyo vinavyoshika. Msiruke kutoka juu hata mkiona vijana wanaruka. Mafuriko husogeza magogo na mawe, kina cha mwezi uliopita si cha leo. Na maji yakigeuka ghafla kuwa ya udongo, tokeni mara moja. Mvua imenyesha juu na wimbi linakuja, hata kama mlipo jua linawaka.

Bahari_Kuu

Asanteni sana, nimeelewa mambo ambayo hayapo kwenye matangazo. Nyongeza moja: kampuni moja inatuuzia "Kulen, Kbal Spean na Banteay Srei" kwa siku moja. Inawezekana? Na tembo wa mawe wa Srah Damrei tumwingize?

Mawe_ya_Mto

Hiyo ratiba ni ya kwenye karatasi. Kwanza msichanganye: Kbal Spean nako kuna linga mtoni na poromoko dogo, lakini ni sehemu nyingine ya milima hiyohiyo, ina lango lake, inahitaji tiketi ya Angkor, na ni kupanda kwa miguu kama kilomita moja na nusu kwenye mizizi na mawe. Mama yule asipelekwe. Mkishaona linga za Kulen hamjakosa kitu cha kulazimisha.

Banteay Srei inawezekana mkishuka mapema, iko njiani kurudi mjini. Ni hekalu dogo la jiwe la waridi, lilizinduliwa mwaka 967, saa moja inatosha, na mwanga wa alasiri unalipendeza. Ila nako ni tiketi ya Angkor. Ikiwa mna ya siku tatu, kumbukeni si lazima siku zifuatane. Inatumika ndani ya siku 10. Msiichome siku kwa saa moja tu isipokuwa mnayo ya kubaki.

Kasuku_Mweupe

Srah Damrei ni tembo mzima wa jiwe na simba pembeni yake katikati ya msitu, na anastahili kila hatua. Lakini anafikiwa kwa pikipiki kupitia njia ya mchanga na mizizi, kama saa moja kwenda na nyingine kurudi. Mwishoni mwa Novemba mchanga umeshakauka kiasi, ila mkienda maporomoko yatakuwa ya haraka haraka. Kwa siku moja chagueni kimoja. Wawili wenu wanaweza kwenda kwa pikipiki na mmoja akabaki na mama, mkikubaliana saa ya kukutana kwenye gari.

Huko msitoke kwenye njia, hata kwa kujisaidia. Kulen ilikuwa ngome ya Khmer Rouge, wapiganaji wa kikomunisti wa Kambodia, na mabomu ya ardhini yalizikwa. Maeneo ya wageni yamesafishwa, ila msitu wa pembeni usiutegemee. Kibao chekundu chenye fuvu maana yake ni simama, geuka, rudi ulikotoka.

Mwezi wenu ni mzuri mno. Septemba na Oktoba poromoko hunguruma lakini mto ni wa udongo na linga hazionekani. Machi na Aprili linga ziko wazi ila poromoko limekonda. Novemba mnapata vyote. Epukeni Jumamosi na Jumapili, maana familia kutoka mjini hujaza vibanda vyote vya kukalia kando ya maji.

Zuhura_wa_Njia

Na mkishuka simamisheni gari kwenye meza za ndizi barabarani. Kuna ndizi nyekundu za Kulen, fupi na nene, ganda la rangi ya udongo. Chagueni ambalo limeanza kulegea kidogo karibu na kikonyo. Gumu halijaiva hata kama ni jekundu kote.